SIFURI THELATHINI NA MOJA: Jinsi ya Kuandika Namba Ndogo Mno

Kila mwanafunzi anayesoma fizikia katika shule ya sekondari hukutana, mapema au baadaye, na elektroni. Hufundishwa kwamba elektroni ni chembe ndogo sana iliyomo katika atomu, na kwamba tungamo yake, yaani wingi wa maada iliyomo ndani yake, imekwisha kupimwa. Endapo mwanafunzi huyo atataka kuiandika tungamo hiyo kwa kilogramu, tena kwa namna ya kawaida ya desimali, itambidi aandike hivi:

0.000 000 000 000 000 000 000 000 000 000 910 9

Msomaji na ajaribu kuzihesabu sifuri zilizotangulia tarakimu 9. Ziko thelathini na moja, ikihesabiwa na ile iliyo kabla ya nukta. Sasa na afikirie kwamba yuko katika chumba cha mtihani, muda unakwenda, naye ainakili namba hiyo mara tano katika karatasi yake. Akisahau sifuri moja tu, elektroni itakuwa nzito mara kumi kuliko ilivyo. Akiongeza moja, itakuwa nyepesi mara kumi. Wala mwalimu asahihishaye hataligundua kosa hilo kwa kutupa jicho, kwa sababu jicho la binadamu halikuumbwa kutofautisha sifuri thelathini na sifuri thelathini na moja.

Kwa sababu hiyo wanasayansi wana njia nyingine ya kuandika namba za namna hii. Kwa njia hiyo tungamo ya elektroni ni kilogramu 9.109 × 10⁻³¹. Kazi ya kuhesabu sifuri imefanywa mara moja, na hesabu yake imewekwa wazi mbele ya macho. Njia hii tutaiita hapa mwandiko wa kisayansi. Katika makala hii tutaeleza msingi wake, kanuni zake, makosa ambayo wanafunzi aghalabu huyafanya, na kwa nini jambo hili lina uzito hata nje ya darasa.

Asili ya mambo

Neno letu “sifuri” limetoka katika Kiarabu, ambamo “sifr” maana yake ni utupu. Tarakimu zenyewe, pamoja na sifuri, zilianzia Bara Hindi, na wanahisabati walioandika kwa Kiarabu ndio walioziendeleza na kuzieneza hadi nchi za magharibi. Sehemu za desimali pia zina historia ndefu. Mwanahisabati al-Kashi, aliyefanya kazi Samarkand, alizieleza kwa utaratibu katika kitabu alichokikamilisha mwaka 1427. Huko Ulaya, Simon Stevin alizieneza kwa kijitabu chake cha mwaka 1585. Desturi ya kuandika kipeo kwa tarakimu ndogo juu, upande wa kulia wa namba au herufi, ilipata nguvu kutokana na kitabu cha jiometria cha René Descartes kilichochapishwa mwaka 1637. Naye Isaac Newton, katika barua aliyoiandika mwaka 1676, alitumia vipeo hasi kwa maana ile ile tunayoitumia sisi leo.

Kipeo hasi ni nini?

Tuanze na mambo tunayoyajua. Tukiandika 10³ tuna maana ya 10 × 10 × 10, yaani 1000. Hapa 10 ndiyo msingi, na 3 ndiyo kipeo. Hebu tupange vipeo vya kumi kwa kushuka:

10³ = 1000
10² = 100
10¹ = 10

Kila tushukapo mstari mmoja, kipeo hupungua kwa moja, na namba iliyo upande wa kulia hugawanywa kwa kumi. Hakuna sababu ya kusimama hapo. Tukiendelea kwa utaratibu ule ule, tunapata:

10⁰ = 1
10⁻¹ = 0.1
10⁻² = 0.01
10⁻³ = 0.001

Wanafunzi wengi huuliza hivi: kumi yawezaje kuzidishwa kwa yenyewe mara hasi tatu? Swali hilo ni zuri, na jibu lake ni kwamba haiwezekani. Wala alama 10⁻³ haimaanishi hivyo. Maana yake ni moja gawanya kwa 10³, yaani sehemu moja ya elfu. Maana hii haikuchaguliwa ovyo. Tukigawanya 10² kwa 10⁵, tunagawanya mia kwa laki moja, na jibu ni sehemu moja ya elfu. Lakini tunajua pia kwamba katika kugawanya, kipeo cha chini hutolewa katika kipeo cha juu: 2 − 5 = −3. Ili kanuni ya kutoa vipeo iwe kweli wakati wote, hapana budi 10⁻³ iwe sehemu moja ya elfu.

Kanuni ya kuandika

Katika mwandiko wa kisayansi kila namba isiyokuwa sifuri huandikwa kwa sehemu mbili. Sehemu ya kwanza, ambayo tutaiita namba ya mbele, huwa na tarakimu moja tu kabla ya nukta, na tarakimu hiyo haiwi sifuri. Kwa maneno mengine, ukiiacha alama ya hasi kama ipo, namba ya mbele huanzia 1 na haifiki 10. Sehemu ya pili ni kipeo cha kumi.

Tuchukue mfano wa chembe nyekundu ya damu ya binadamu. Kipenyo chake ni yapata mita 0.000008. Hatua ni hizi. Kwanza, isogeze nukta kuelekea kulia mpaka ipite tarakimu ya kwanza isiyo sifuri, tunapata 8. Pili, hesabu nukta imevuka mahali pangapi. Imevuka mahali sita. Tatu, kwa kuwa tumeikuza namba mara milioni moja kwa kusogeza nukta, hatuna budi kuirudisha katika thamani yake kwa kuizidisha kwa 10⁻⁶. Basi kipenyo hicho ni mita 8 × 10⁻⁶.

Kuna njia ya mkato ya kuhakikisha jibu. Hesabu sifuri zote zinazotangulia tarakimu ya kwanza isiyo sifuri, pamoja na ile iliyo kabla ya nukta. Idadi yake ndiyo kipeo, kikiwekewa alama ya hasi. Katika 0.000008 sifuri ziko sita, na kipeo ni −6. Katika mfano wa elektroni sifuri zilikuwa thelathini na moja, na kipeo ni −31.

Makosa yanayofanywa mara kwa mara

Kosa la kwanza ni kudhani kwamba kipeo hasi huifanya namba yenyewe kuwa hasi. Sivyo. Namba 8 × 10⁻⁶ ni chanya. Ni ndogo, lakini ni kubwa kuliko sifuri. Kama namba ni hasi, alama ya hasi huandikwa mbele kabisa, kama katika −8 × 10⁻⁶.

Kosa la pili ni kuhesabu sifuri zilizo baada ya nukta peke yake. Namba 0.0007 ina sifuri tatu baada ya nukta, na wako wanaoandika 7 × 10⁻³. Jibu sahihi ni 7 × 10⁻⁴.

Kosa la tatu ni kuzilinganisha namba kwa kutazama ukubwa wa tarakimu za kipeo bila kujali alama yake. Virusi vya ugonjwa wa polio vina kipenyo cha yapata mita 3 × 10⁻⁸. Hadubini ya kawaida, itumiayo mwanga, haiwezi kutenganisha vitu vilivyokaribiana zaidi ya mita 2 × 10⁻⁷ hivi. Je, mwanafunzi aweza kuona umbo la virusi hivyo kwa hadubini ya shule? Anayetazama 8 na 7 tu atasema kwamba virusi ni vikubwa zaidi. Lakini −8 ni ndogo kuliko −7. Virusi ni vidogo karibu mara saba kuliko kipimo kile, na ndiyo sababu wataalamu hutumia hadubini ya elektroni kuvichunguza.

Kosa la nne limeletwa na kikokotoo. Vikokotoo vingi huonyesha 1.6E−19 au 1.6 ikifuatwa na −19 pembeni, na mwanafunzi hunakili 1.6⁻¹⁹. Hiyo ni namba nyingine kabisa. Yampasa aandike 1.6 × 10⁻¹⁹. Kadhalika, atakaye kuingiza 10⁻³ katika kikokotoo kwa kutumia kitufe cha kipeo cha kumi, aanze kwa kubonyeza 1, wala si 10. Akianza na 10, atakuwa ameingiza 10 × 10⁻³, ambayo ni 10⁻².

Kuzidisha, kugawanya na kujumlisha

Faida ya mwandiko huu haiishii katika kufupisha. Hurahisisha hesabu pia. Katika kuzidisha, namba za mbele huzidishwa na vipeo hujumlishwa. Katika kugawanya, namba za mbele hugawanywa na vipeo hutolewa.

Tuseme tunataka kujua ni chembe nyekundu ngapi za damu zitakazojaza sentimita moja zikipangwa mstari mmoja. Sentimita moja ni mita 1 × 10⁻², na kila chembe ni mita 8 × 10⁻⁶. Tunagawanya: 1 ÷ 8 = 0.125, na −2 − (−6) = 4. Jibu ni 0.125 × 10⁴. Lakini namba ya mbele haina budi kuwa na tarakimu isiyo sifuri kabla ya nukta, hivyo twaandika 1.25 × 10³, yaani chembe 1250.

Mfano wa pili una maana kubwa zaidi. Tungamo ya atomu moja ya haidrojeni ni kilogramu 1.674 × 10⁻²⁷. Je, katika gramu 1.008 za haidrojeni mna atomu ngapi? Gramu hizo ni kilogramu 1.008 × 10⁻³. Tunagawanya: 1.008 ÷ 1.674 = 0.602, na −3 − (−27) = 24. Jibu ni 0.602 × 10²⁴, yaani 6.02 × 10²³. Wanafunzi wa kemia wataitambua mara moja namba hii: ndiyo namba ya Avogadro, ambayo tangu mwaka 2019 imewekwa kuwa 6.02214076 × 10²³ kamili. Anayetaka kufanya hesabu hiyo kwa kuandika sifuri zote na ajaribu. Karatasi yake itajaa kabla ya kupata jibu.

Katika kujumlisha na kutoa yapasa kuwa waangalifu, maana vipeo havijumlishwi. Kwanza vipeo hufanywa viwe sawa. Kwa mfano, 3.2 × 10⁻⁵ + 4 × 10⁻⁶ ni sawa na 3.2 × 10⁻⁵ + 0.4 × 10⁻⁵, na jibu ni 3.6 × 10⁻⁵. Ni sawa na mtu anayejumlisha mita na sentimita: sharti kwanza avigeuze vipimo vyote viwe vya aina moja.

Iko faida nyingine. Mwandiko wa kisayansi huonyesha kiasi cha usahihi wa kipimo. Mwanafunzi aliyepima waya kwa rula na kupata mita 2.5 × 10⁻² anasema kwamba ana hakika ya tarakimu mbili. Aliyetumia chombo bora zaidi na kuandika mita 2.50 × 10⁻² anasema kwamba ana tarakimu tatu, na ile sifuri ya mwisho ameipima kwa kweli.

Majina ya vipimo vidogo

Ili kuepuka kutaja vipeo kila mara, vipimo vya kimataifa vina viambishi vyenye maana maalumu:

mili: 10⁻³
mikro: 10⁻⁶
nano: 10⁻⁹
piko: 10⁻¹²
femto: 10⁻¹⁵
ato: 10⁻¹⁸
zepto: 10⁻²¹
yokto: 10⁻²⁴
ronto: 10⁻²⁷
kwekto: 10⁻³⁰

Viwili vya mwisho vilipitishwa mwaka 2022. Kwa viambishi hivi, chembe nyekundu ya damu ina kipenyo cha mikrometa 8, virusi vya polio ni nanometa 30, na elektroni ina tungamo ya rontogramu 0.91 hivi.

Wala asidhani mtu kwamba mambo haya ni ya maabara tu. Tangu tarehe 20 Mei 2019, kilogramu yenyewe haifafanuliwi tena kwa kipande cha madini kilichohifadhiwa Ufaransa. Hufafanuliwa kwa namba ya Planck, ambayo imewekwa kuwa 6.62607015 × 10⁻³⁴ kwa vipimo vya kimataifa. Hata kilo ya sukari ipimwayo dukani, hatimaye, imesimama juu ya namba yenye sifuri thelathini na nne mbele yake.

Sifuri moja katika maji na katika dawa

Katika sehemu kadhaa za Bonde la Ufa, kama vile Arusha nchini Tanzania na Nakuru nchini Kenya, maji ya baadhi ya visima na chemchemi yana floridi nyingi. Floridi kidogo hulinda meno. Ikizidi, meno ya watoto huota yakiwa na madoa ya kahawia, na kwa miaka mingi mifupa nayo huweza kuharibika. Shirika la Afya Duniani limependekeza kwamba floridi isizidi miligramu 1.5 katika lita moja ya maji ya kunywa, yaani gramu 1.5 × 10⁻³.

Tuseme sampuli ya maji ya kijiji fulani imepimwa na kuonekana ina gramu 0.0045 za floridi kwa lita. Hizo ni gramu 4.5 × 10⁻³, mara tatu ya kiwango kinachopendekezwa. Maji hayo yahitaji kusafishwa, kwa mfano kwa kupitishwa katika mkaa wa mifupa, au kijiji kitafutiwe chanzo kingine. Lakini mwandishi wa taarifa akiongeza sifuri moja na kuandika 0.00045, basi kwa maandishi maji yale yana gramu 4.5 × 10⁻⁴ tu, chini ya theluthi ya kiwango. Taarifa itasema kwamba maji ni salama, na watoto wataendelea kuyanywa. Floridi haina rangi wala harufu katika maji; hakuna kitakacholifichua kosa lile ila meno ya watoto hao, baada ya miaka. Kama taarifa ingeandikwa 4.5 × 10⁻³, kosa la kuongeza sifuri lisingepata nafasi.

Katika dawa hatari huja upesi zaidi. Digoksini ni dawa ya moyo itolewayo kwa kiasi kidogo mno. Viko vidonge vyake vya mikrogramu 250, yaani gramu 2.5 × 10⁻⁴, na viko vya mikrogramu 62.5, yaani gramu 6.25 × 10⁻⁵. Kidonge kimoja cha kwanza ni sawa na vinne vya pili. Anayechanganya mikrogramu na miligramu hukosea mara elfu moja. Na mtu akiandika miligramu .25 bila sifuri ya mbele, kisha nukta isionekane vizuri, msomaji ataona 25, yaani mara mia ya kiasi kilichokusudiwa. Kwa sababu hiyo waandishi wa dawa hufundishwa kuandika sifuri kabla ya nukta kila mara, kutoandika sifuri isiyo ya lazima mwishoni mwa namba, na kulitaja neno mikrogramu kwa ukamilifu. Mwalimu anayemkatia mwanafunzi alama kwa kuandika .25 badala ya 0.25 huenda akaonekana mkali. Lakini miongoni mwa wanafunzi wake wamo wauguzi, wafamasia na wapima maji wa kesho.

Mazoezi

1. Andika kwa mwandiko wa kisayansi: (a) 0.00042, (b) 0.06; (c) mita 0.000000589, ambayo ni urefu wa wimbi la mwanga wa njano wa taa ya sodiamu.

2. Ipi ni kubwa zaidi: 9 × 10⁻⁸ au 2 × 10⁻⁷?

3. Chaji ya elektroni ni kulombi 1.6 × 10⁻¹⁹. Mkondo wa ampea moja hupitisha kulombi moja kwa sekunde. Ni elektroni ngapi hupita katika sekunde moja?

4. Shirika la Afya Duniani limependekeza kwamba arseniki katika maji ya kunywa isizidi mikrogramu 10 kwa lita. Sampuli ina gramu 0.00003 kwa lita. Imezidi mara ngapi?

5. Tungamo ya protoni ni kilogramu 1.673 × 10⁻²⁷. Igawanye kwa tungamo ya elektroni iliyotajwa mwanzoni mwa makala. Toa jibu kwa tarakimu tatu.

Majibu: 1. (a) 4.2 × 10⁻⁴. (B) 6 × 10⁻². (C) mita 5.89 × 10⁻⁷. 2. Ni 2 × 10⁻⁷. 3. Elektroni 6.25 × 10¹⁸. 4. Kiwango ni gramu 1 × 10⁻⁵, na sampuli ni gramu 3 × 10⁻⁵. Ni mara tatu ya kiwango. 5. Ni 1.84 × 10³. Yaani protoni ina tungamo ya elektroni 1840 hivi.